Barazani, si Nyumbani

Septemba 2

Pola. Ni sikukuu ya maksai: wameoshwa, pembe zimepakwa rangi, na kwa mara ya kwanza tangu nioe huku wamepita mbele ya hekalu la kijiji cha Tembhurwadi bila ngoma. Asubuhi Kerba Khandagale alituma ujumbe kwamba hapigi tena. Ana miaka sitini na miwili. Baba yake alipiga, babu yake alipiga. Ndiyo kazi ambayo kijiji kiliwapangia watu wa tabaka lake, Wamang, na ujira wake ni mikate ya sikukuu inayodondoshwa kutoka juu kwenye nguo waliyoitandaza.

Tulikuwa tunakula barazani kwa Uttamrao Salunke, kaka wa mke wangu, mwenyekiti wa kijiji kwa vipindi viwili vilivyopita. Mikate mitamu ya dengu na samli. Uttamrao akatuma mtu amwite Kerba. Kerba akaja, akavua viatu, akasimama njiani chini ya ngazi, viatu mkononi.

"Umekuwa hakimu, Kerba? Siku hizi unatoa hukumu?"

"Mabega yananiuma, mkubwa."

"Mabega! Au binti yako ndiye aliyekupima huko zahanati?"

"Chhaya hajasema kitu, mkubwa. Ni mabega tu."

Hapo Uttamrao akamwita kwa jina la tabaka lake, akaongeza la mama yake, akasema mtu wa aina yake huzaliwa na ngoma shingoni na atazikwa nayo. Alisema kwa sauti ya kuitia ng'ombe. Njia ilikuwa imejaa watu wanaorudisha maksai. Wengine walicheka. Kerba alisema, "Sawa, mkubwa," akaondoka bila kuvaa viatu.

Nilikuwa na kipande cha mkate mdomoni. Nilikimaliza.

Maneno kamili yako kwenye daftari la kazi.

Septemba 3

Kerba na binti yake wamefungua kesi polisi. Mvua kidogo.

Septemba 4

Habari yangu imetoka gazetini, ukurasa wa tano, maneno tisini. "Kerba Khandagale alitukanwa kwa jina la tabaka lake nyumbani kwa Uttamrao Salunke."

Sulochana, mke wangu, ameisoma akiwa amesimama, kisha akalitumia gazeti kufungia maganda ya vitunguu.

"Kaka yangu. Kwa jina kamili."

"Polisi ndio waliomtaja."

"Polisi hawakula kwake."

Septemba 6

Uttamrao hayupo kijijini. Simu yake imezimwa. Hapa mjini, kilomita kumi na moja kutoka kwake, kila ninayekutana naye ananiuliza mimi aliko.

Chini ya sheria inayolinda matabaka ya chini, mtuhumiwa hapewi dhamana kabla ya kukamatwa. Mlango huo umefungwa makusudi, kwa sababu aliye nje ana nafasi ya kuwapitia mashahidi mmoja mmoja. Umeachwa ufa mdogo: jaji akiona kwenye karatasi tu kwamba kosa lenyewe halipo. Na tusi ni kosa chini ya sheria hiyo likitolewa mahali ambapo umma unaona. Likitolewa ndani ya kuta nne, mbele ya ndugu, kosa hilo halipo.

Nimewaeleza wasomaji jambo hili si chini ya mara kumi katika miaka thelathini na moja.

Septemba 9

Wakili Pathrikar amewasilisha ombi la dhamana ya mapema kwa niaba ya Uttamrao. Kiambatisho cha kwanza ni habari yangu. Neno "nyumbani" limepigiwa mstari kwa wino mwekundu.

Hati yake ya kiapo inasema hivi, na ninainakili: "Siku ya Pola nilimkaribisha mlalamikaji ndani. Tuliketi sebuleni kwenye mkeka mmoja, nikampa chai. Tulitofautiana kidogo kwa maneno. Hapakuwa na mtu mwingine isipokuwa watu wa familia yangu."

Jaji ameamuru asikamatwe hadi Septemba 30, siku ya kusikiliza ombi.

Pathrikar alinikuta kwenye ukumbi wa mahakama, akanishika mkono kwa mikono yote miwili. "Bhaskarrao, umetuokoa! Neno moja tu!"

Nimeingia na kutoka katika nyumba ile kwa miaka ishirini na sita. Sijawahi kumwona Mmang akipita ngazi ya pili.

Septemba 10

Nyumbani. Mtu akisema nyumbani kwa fulani anaweza kuwa na maana ya sebuleni, uani, barazani, hata mlangoni. Ni neno pana. Nimekuwa nikijiambia kwamba nafasi ilikuwa finyu. Leo nimehesabu herufi. Nyumbani, nane. Barazani, nane.

Septemba 13

Uttamrao amerudi kijijini. Ameshonewa koti jipya.

Septemba 16

Mwenye mashine ya kusaga ya Tembhurwadi amewaambia Wakhandagale kwamba mkanda umekatika. Kwa wengine haujakatika. Mavuno ya soya yakianza, hakuna shamba litakalowaita. Hayo nimeyapata kwa mpika chai wa stendi, anayeyapata kwa dereva. Watu watatu waliosimama njiani siku ile na kuandikisha maelezo polisi wamesema sasa kwamba hawakusikia vizuri. Mmoja amesema alikuwa anamshika maksai masikio.

Septemba 17

Mvua.

Septemba 18

Mvua.

Septemba 19

Chhaya Khandagale amekuja kwangu kwa basi, miguu imelowa hadi magotini. Ana miaka thelathini na minne, ni mhudumu wa zahanati ya kijiji. Aliketi kwenye kiti bila kusubiri kuambiwa. Nilipenda hilo, kisha nikajiuliza kwa nini nimeliona.

"Mzee, wewe ulikuwepo," alisema.

"Nilikuwepo."

"Baba alikuwa ndani?"

"Hapana."

"Basi andika hivyo. Sikuombi unisaidie. Nakuomba usahihishe kosa lako."

"Nitazungumza na mhariri."

"Mhariri ndiye aliyekuwa anakula pale?"

Sulochana alileta maji katika kikombe cha bati. Chhaya aliyanywa yote.

"Nikuambie kitu, mzee. Baba ameanza kuikaza ngozi ya ngoma. Anaipasha motoni kila siku, anasema isije ikaliwa na wadudu. Mimi najua. Shemeji yako akipata hiyo dhamana, baba atakwenda mwenyewe kuomba radhi, na sikukuu ya Dasara atapiga. Na mimi nitaambiwa nihame zahanati. Tutakuwa tumeshindwa kabla kesi haijasikilizwa hata siku moja."

Chhaya alipoondoka, Sulochana hakukirudisha jikoni kikombe alichonywea. Alikiweka nje juu ya ukuta wa ua.

Septemba 20

Nimempigia Kulthe, mhariri.

"Masahihisho? Bhaskar, tukianza kusahihisha, wakili wa kila mwizi atakuja na kalamu nyekundu. Na halafu tuseme nini? Kwamba mwandishi wetu alikuwa anakula kwa mtuhumiwa?"

"Ndiyo."

"Usinichekeshe. Niletee habari. Habari naichapa. Toba peleka hekaluni."

Septemba 22

Kulthe ameligusa jambo lenyewe bila kujua. Ningeandika barazani, swali lake la kwanza lingekuwa: nani wengine walikuwepo barazani? Nyumbani haliulizwi swali. Ndiyo maana nililichagua. Lilikuja lenyewe, haraka, na mimi nikajisifu kwamba nimefupisha vizuri.

Septemba 24

Mvua. Kikombe ukutani kimejaa, kinamwagika.

Septemba 27

Soya inaota ikiwa bado ndani ya maganda, kwenye mimea, kabla ya kuvunwa. Nimeandika maneno mia tatu. Wakulima saba, majina na vijiji.

Septemba 28

Nimekiingiza kikombe jikoni. Jioni kilikuwa ukutani tena.

Septemba 30

Jaji yuko likizoni. Ombi limeahirishwa hadi Oktoba 14. Ulinzi wa muda, yaani asikamatwe, unaendelea. Wakili wa Kerba alisimama akasema mteja wake hana pa kusaga nafaka. Karani akamwambia amwambie jaji, na jaji hayupo.

Kerba alikuwa kwenye benchi la nje, amevaa shati jeupe lililopigwa pasi. Nilimsalimia. Alinyanyuka.

"Kaa, mzee Kerba."

"Nimekaa sana, mkubwa," akasema, akabaki amesimama hadi nilipopita.

Oktoba 3

Sulochana alitaka kumwona mama yake. Nilimpeleka. Uttamrao alikuwa barazani, lakini aliponiona akainuka.

"Ndani, shemeji, ndani! Siku hizi mimi nakaa ndani na kila mtu."

"Hata Kerba?"

"Hasa Kerba! Chai na biskuti!" Akacheka hadi akashika goti. Hakuwa na kinyongo nami. Hilo ndilo linalonichosha. Ananichukulia kama mtu aliyemfanyia jambo zuri, na ananiwekea kipande kikubwa kila tunapokula.

"Lakini Dasara atapiga," akasema baadaye, kwa sauti ya chini. "Amenitumia salamu. Mambo yanakwisha yenyewe, shemeji. Wewe tulia tu, hivyo hivyo ulivyotulia."

Kutoka chumba cha ndani mama mkwe akauliza kwa sauti: "Kerba gani huyo mnayemtaja?"

"Hakuna, mama. Lala."

Ana miaka themanini na minne. Husikia anachotaka. Nilielewa kwamba hakuna aliyemwambia kilichoandikwa kwenye kiapo.

Oktoba 5

Mvua asubuhi. Nimeandika barua kwa mahakama, mistari sita. Nimeiweka kwenye droo.

Oktoba 6

Pathrikar, dukani, bila mimi kumuuliza: "Hata ukienda kusema, Bhaskarrao, wewe ni shemeji. Mbele ya sheria wewe si umma. Wewe ni familia." Alininunulia sigara. Sivuti.

Barua bado iko kwenye droo.

Oktoba 8

Ofisa wa polisi Gite, anayepeleleza kesi, ameenda kukagua mahali pa tukio. Nilikwenda kwa ajili ya gazeti. Sulochana alikuja kwa ajili ya mama yake. Gite alikuwa na askari mmoja, mashahidi wawili wa ukaguzi kutoka kijiji kingine, na utepe wa kupimia. Barazani walipita tu. Waliingia sebuleni wakaanza kupima: ukuta hadi ukuta, mlango hadi mkeka. Uttamrao aliwaonyesha.

"Mimi hapa. Yeye hapa. Chai hapa katikati."

Askari akaandika. Mama mkwe alikuwa kwenye kitanda chake kando ya mlango wa jiko, anachambua mchele.

"Mnapima nini?" akauliza.

"Mahali alipoketi mlalamikaji, bibi," alisema Gite. "Ni taratibu tu."

"Alipoketi nani?"

"Mama, endelea na mchele wako," Uttamrao akasema.

"Nimekuuliza wewe? Alipoketi nani, mwanangu?"

"Kerba Khandagale, bibi."

Sinia ya mchele ilianguka. Sikuwahi kumwona akisimama bila kushikwa. Leo alisimama.

"Ndani? Ndani ya nyumba yangu? Nani kamwingiza? Humu mna jiko! Humu mna miungu! Nimeolewa hapa nikiwa na miaka kumi na minne, na hakuna hata mmoja wao aliyevuka ngazi ya pili, wala hatavuka nikiwa napumua!"

"Mama haoni vizuri," Uttamrao alimwambia Gite.

"Sioni? Nilimwona hadi kucha za miguu! Alisimama kule njiani, viatu mkononi, kama baba yake alivyosimama, na kijiji kizima kikimtazama! Ukamtukana hapo barazani, na vizuri ulivyomtukana. Sasa unaniambia ulimpa chai? Kwa kikombe gani? Nionyeshe kikombe!" Akanigeukia. "Muulizeni mkwe wangu. Alikuwa anakula!"

Watu saba walinitazama.

"Nilikuwa nakula," nikasema.

Gite alikunja utepe polepole. "Bibi ni mzee," akamwambia askari. "Hayo usiandike."

Askari hakuandika. Mashahidi wawili walitazama sakafu. Mama mkwe aliamuru mkeka utolewe nje uoshwe, na ulipotolewa mvua ilikuwa imeanza, ikauosha.

Mimi niliandika. Kalamu ilikuwa mkononi muda wote. Sikumbuki kuitoa mfukoni.

Oktoba 9

Mhariri alisema nimletee habari. Hii ni habari.

Nimeandika maneno mia mbili na kumi. Nimemnukuu mama mkwe neno kwa neno, nimemnukuu Gite akisema hayo usiandike, nimetaja saa. Mstari wa mwisho: "Mwandishi wa habari hii ni shemeji wa mtuhumiwa. Siku ya tukio alikuwa barazani, na habari yake ya Septemba 4 iliyosema nyumbani haikuwa sahihi."

Nimemsomea Sulochana kabla ya kuituma. Hakunikatiza.

"Mama yangu hajui kusoma," akasema.

"Najua."

"Atasimuliwa. Ataona fahari. Atawaambia wageni kwamba gazeti limeandika alivyoilinda nyumba yake. Na hakuna atakayethubutu kumwambia amefanya nini."

"Nimeandika alichosema."

"Ndiyo kazi yako siku zote, Bhaskar. Yako hukusema. Umengoja mama yangu akusemee."

Saa kumi na dakika tano nimeituma.

Oktoba 10

Ukurasa wa kwanza, chini. Kulthe hakufuta mstari wa mwisho. Kichwa cha habari ni chake: "Hakunywa Chai." Wafanyabiashara wawili wa sokoni wameacha kunisalimia. Wa tatu ameanza.

Uttamrao alipiga simu mara moja. Hakupiga kelele. "Shemeji," akasema, "mama anauliza lini mtakuja kula."

Oktoba 12

Dasara. Kerba amepiga ngoma.

Chhaya aliniambia kwa simu. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayesoma orodha. "Amepiga kutoka hekaluni hadi mpakani na kurudi. Amepewa mikate. Nimemuuliza, baba, umesikia gazeti limeandika nini? Akasema amesikia. Nikamuuliza, basi kwa nini? Akasema, 'Gazeti ni la siku moja, mwanangu. Mimi naishi hapa.'"

Nilimuuliza kama ataendelea na kesi.

"Kesi ni yake. Kidole gumba chake ndicho kilicho kwenye karatasi. Mpaka sasa hajasema anaiondoa. Usiandike kwamba ameiondoa."

Oktoba 14

Jaji amerudi, ana mafua. Chumba kilijaa.

Pathrikar alisema ugomvi umekwisha, mlalamikaji mwenyewe amepiga ngoma kwenye sikukuu kwa furaha. Jaji akamuuliza kama furaha hiyo iko kwenye kiapo. Watu wakacheka. Wakili wa Kerba akatoa gazeti la Oktoba 10. Pathrikar akapinga: gazeti si ushahidi, na mwandishi ni ndugu.

"Gazeti hilohilo uliliambatisha wewe mwenyewe, Septemba," jaji akasema. Kisha akamwita Gite asogee.

"Ulikuwa ndani ya nyumba hiyo Oktoba 8?"

"Ndiyo, mheshimiwa."

"Mama wa mtuhumiwa alisema maneno haya?"

Gite alitazama kofia yake. Ana miaka minne kabla ya kustaafu. Kulikuwa na mashahidi wawili, askari, na mimi.

"Alisema, mheshimiwa."

"Kwa nini sikuyaona kwenye taarifa yako?"

"Ni mzee, mheshimiwa."

"Hakuonekana kusahau kitu," akasema jaji, akapenga kamasi, akaandika kwa dakika tisa. Ombi limekataliwa. Ulinzi wa muda umekwisha hapohapo. Sababu ziko aya nne. Neno barazani limetokea mara sita.

Kerba alikuwa amekaa nyuma kabisa, shati jeupe lilelile. Chhaya alimnong'oneza. Alitikisa kichwa kwamba ameelewa, akauliza kitu. Nilikuwa karibu, nikasikia.

"Kwa hiyo mashine ya kusaga itafunguliwa?"

Oktoba 17

Pathrikar anakimbilia Mahakama Kuu. Inafunga kwa sikukuu ya Diwali.

Oktoba 22

Uttamrao amejisalimisha saa tatu asubuhi, amevaa koti jipya. Habari maneno sitini. Nimeandika: kituoni.

Oktoba 23

Mashine ya kusaga bado mbovu kwa Wakhandagale. Zahanati haijamhamisha Chhaya. Mama mkwe anauliza kwa nini mwanawe amechelewa kurudi safarini.

Oktoba 29

Jua siku tano mfululizo. Soya iliyobaki imevunwa. Nyeusi.

Kikombe bado kiko ukutani. Maji yamekauka.

Novemba 3

Bhaubij, siku ya mwisho ya Diwali, dada anapomzungushia kaka yake taa usoni na kumwombea umri mrefu. Sulochana aliniamsha saa kumi na moja alfajiri, amekwisha kuvaa sari ya kijani. Ni maneno ya kwanza aliyoniambia tangu tarehe ishirini na mbili yasiyohusu chakula: "Utanipeleka."

Gereza la wilaya. Foleni ya dada wenye sinia ilifika hadi kwenye duka la simu. Askari wa magereza alirudia maneno yaleyale kwa kila mmoja: moto hauingii, sinia haiingii, vitamu vitapekuliwa. Saa tano wakaanza kuwaleta wanaume watano watano hadi kwenye nondo za geti kubwa, na dada wakaambiwa wafanye palepale, nje, haraka.

Uttamrao amepungua. Aliinamisha kichwa kati ya nondo mbili. Upepo ulizima taa mara mbili, na mwanamke wa nyuma, asiyetujua, akaiwasha kwa taa yake. Sulochana akampaka rangi nyekundu kwenye paji la uso, akaizungusha taa mara tatu, akamwekea kipande cha kitamu mdomoni kwa mkono wake. Wote waliosimama pale waliona. Mpiga picha wa gazeti jingine alipiga.

"Shemeji," Uttamrao akaniita, huku akitafuna. "Unaandika?"

Sulochana ndiye aliyegeuka.

"Andika," akasema. "Lakini andika getini. Mbele ya watu. Usije ukaandika gerezani ukatuficha."

Nimeandika getini. Watu walikuwa arobaini na mmoja. Niliwahesabu.